Anayetoa Ndiye Anayeonja

Goma, tarehe 14 Januari 2024

Shangazi Léonie mupendwa, wewe unayelala nyumba moja na mufalme wakati sisi tunalala na panya,

Amani ikufikie huko Ulaya kwenye baridi, na ikukute umevaa soksi. Sisi hapa Munigi tuko, tunapumua, na hiyo ndiyo habari kubwa. Koko, mama yako, magoti yanamusumbua lakini kinywa kiko kizima: Jumapili amemugombeza padri mbele ya watu kwa sababu misa ilikuwa fupi. Baba yangu bado yuko Bukavu, anasema atapanda boti wiki kesho, na wiki kesho yake unaijua. Njia ya Masisi imefungwa tena, maharagi yamekuwa kitu cha kusimuliana. Mimi niko muzima, nimeongezeka uzuri, uliza mutu yeyote wa Birere.

Kazi ni ile ile, kwa Papa Honoré, hapo hapo Birere, kukodesha makoti na kravati za ndoa. Fundi wa matofali anaingia, waziri anatoka. Ninayefunga kravati ni mimi. Ni kweli niliacha masomo mwaka wa ine wa sekondari, lakini katika shingo za watu mimi ni daktari.

Sasa tuje kwa jambo lenyewe, na hapa nakuomba unisamehe kwa sababu nimekasirika.

Barua yako imefika na Sista Mapendo, akitokea Kigali. Kurasa mbili za theluji. Ukurasa mumoja wa kuuliza kama tunakunywa maji ya kuchemsha. Halafu kule chini, kwa herufi za sisimizi: "Nimepata shida kidogo kwa ajili ya kikombe cha mufalme, usimuambie koko." Na mara hiyo hiyo: "Nawasalimu wote." Shangazi! Mutu hatupi jiwe kisimani akakimbia kabla halijalia. Kikombe gani? Kimevunjika? Kimepotea? Wamesema wewe ndiye?

Tunachojua sisi ni kidogo tu. Ulikuwa kwa masista wa kule, unatunza wazee wao. Madame mukubwa wa nyumba ya mufalme akapita, akakuona, akakuchukua uwe unamupelekea mufalme muzee majani yake ya chai ya moto kila magharibi. Basi. Simu umekataza, eti mule ndani simu za wafanyakazi zinabaki kwenye sanduku mulangoni, sababu watu wa magazeti wananunua habari za mufalme kama sambaza za asubuhi, zile dagaa za ziwani. Sawa, tumekubali karatasi. Lakini basi karatasi iseme!

Na usiniambie sitaelewa mambo ya wakubwa. Hapa butikini kwetu, Papa Honoré akikohoa, Védaste, mwenzangu wa kazi, anamuletea leso. Akikohoa mara ya pili, Védaste anakohoa pamoja naye. Mimi ninaishi katika ikulu, shangazi, ila yetu ina mabati.

Jibu haraka. Wako,
Bahizire, Bwana Kravati


Tarehe 20 Februari 2024 (jina la muji siliandiki, wanasoma hata bahasha)

Bahizire mwana wa kaka yangu,

Barua yako nimeisoma nikiwa nimesimama, kwa sababu katika nyumba hii wenye ruhusa ya kukaa ni wachache. Nilicheka peke yangu kwenye chumba cha mashuka, wakaja kuuliza kama naumwa. Mupake koko yale mafuta niliyotuma, usiku na asubuhi, na umuambie padri ana haki ya kuchoka. Kama kaka yangu amepanda boti, Mungu asifiwe. Wewe, chemsha maji.

Unasema unajua ikulu. Haya, ngoja nikuonyeshe hii yangu.

Mulango wa chumba cha mufalme una mabawa mawili. Yanafunguliwa yote mawili kwa watoto wake tu. Wengine wote wanapita kwa bawa moja, na nimeona wanaume wazee, wenye medali, wanalia machozi kwa ajili ya bawa moja. Hakuna anayemupa mufalme mugongo. Kila mutu anatoka kinyumenyume. Mwezi uliopita jenerali mumoja alianguka juu ya mbwa. Wote wakaendelea na maongezi kama vile pale chini siku zote kulikuwa na jenerali.

Wakubwa ni wawili. Wa kwanza ni bwana mwenye kusimamia nyumba yote. Amevaa funguo la dhahabu kiunoni, limeshonewa kwenye koti, na halifungui mulango wowote, ni la heshima tu. Mimi moyoni namuita Bwana Funguo. Wa pili ni Madame, huyo aliyenileta. Bwana Funguo anatawala asubuhi, Madame anatawala magharibi, na kila mumoja anataka na saa za mwenzake. Kwa sababu muzee, neno analolisikia kabla ya kulala ndilo analoliamuru akiamuka. Kwa hiyo kile kikombe cha magharibi si kikombe, Bahizire. Ni mulango, na mimi nilikuwa nimeushika bila kujua.

Siku ya kwanza niliingia nikamukuta amekaa peke yake, nywele nyeupe, blanketi magotini, kama baba yetu siku zake za mwisho. Mikono ikafanya kazi bila kuniuliza. Nikaonja kidogo, nikapangusa ukingo kwa kitambaa, nikamupa kwa mikono miwili. Wewe unajua. Hata kasiksi, pombe ya ndizi ya mazishi, kwetu hakuna anayekupa chupa kabla ya kuipeleka kwanza mudomoni mwake. Anayetoa ndiye anayeonja, ili anayepewa anywe na moyo mweupe. Sikufikiri hata kidogo. Ningefikiri, labda ningeacha.

Mufalme akauliza sababu. Nikamuambia. Akacheka, na wale waliosimama ukutani wakatazamana, kwa sababu hakuwa amecheka tangu wamuzike mukewe. Akasema: "Fanya hivyo kila siku." Nikafanya karibu mwaka mzima. Baada ya kunywa aliniuliza habari za volkano yetu, na mimi nilimuambia.

Sasa Bwana Funguo amesimama. Anasema kuonja kikombe mbele ya mufalme ni kusema kwamba humu ndani kuna mwenye sumu. Anasema mutu mweusi wa jikoni hawezi kubuni jambo kama hilo, lazima Madame alimutuma, ili mufalme awaogope wote, abaki naye peke yake. Kabla ya Pasaka nitasimama katika sebule kubwa, mbele ya wakubwa wote wa nyumba, niulizwe neno moja: ni Madame alikutuma kuonja?

Bwana Funguo aliniita pembeni. Aliongea pole, akinyoosha glavu zake. "Sema ndiyo, Léonie, utazeeka hapa, na karatasi zako za kukaa inchini nitaziangalia mimi mwenyewe. Sema hapana, na nani ataamini kwamba mutu anafanya kitu hicho bila kutumwa?"

Hakuna aliyenituma. Ni mukono wa mama yangu. Wamechukua heshima ya nyumba yetu, wameipindua, wameifanya mashitaka, na wanataka mimi niwe shahidi. Tangu siku ile chakula hakina chumvi kinywani mwangu.

Usimusomee koko sehemu hii. Sikuombi shauri. Nimekuandikia kwa sababu ningepasuka.

Shangazi yako,
Léonie


Goma, tarehe 10 Machi 2024

Shangazi,

Salamu za wote, wote wazima, baba amefika, boti haikuzama, mafuta yanapakwa. Nimemaliza salamu.

Nimemusomea koko. Usipige kelele, sikupenda. Nilikuwa nasoma mulangoni, nikasema neno moja baya kwa sauti, akasema: "Neno hilo halimo katika barua ya binti yangu. Soma yaliyokutoa hilo neno." Ungefanya nini? Yule ni mama yako, unamujua.

Mimi niko moto! Sikulala! Yaani mutu anakupa kinywaji kwa adabu, wewe unamuambia kwamba amekutukana? Hapa Birere mutu akikupa fanta bila kuionja, ndipo unamuangalia macho! Wao wanapewa vikombe visivyoonjwa miaka mia ngapi, hawajiulizi kitu; siku moja anakuja mutu mwenye malezi, wanaita mukutano. Na huyo Funguo! Funguo lisilofungua! Mimi nilifikiri wakubwa wa Ulaya wanagombania vitu, kumbe wanagombania nani atamupitishia muzee majani ya chai. Védaste wetu ana haya kuliko wao.

Sasa unisikilize, sikuombi ruhusa ya kushauri. Sema ndiyo.

Ndiyo, Madame alinituma. Mara moja tu, unafunga kinywa, unakaa. Madame si ndugu yetu. Hakuhudhuria kipaimara changu. Yeye na Funguo ni simba na chui, wewe ni swala. Simba akiuliza kama chui ni mubaya, swala anasema "mubaya sana, Mukubwa" na anaenda kula nyasi. Madame akianguka, ataanguka juu ya mito ya manyoya. Wewe ukianguka, utaanguka hapa Munigi, juu ya mawe ya volkano, na unajua yalivyo.

Nilimuambia koko hivyo hivyo. Halafu akauliza:

"Huyo Madame, amewahi kumusingizia Léonie kitu?"

"Hapana, koko."

"Basi unataka binti yangu amuuze mutu kusudi abaki na kazi ya kubeba majani."

"Koko, si majani, ni karatasi za kukaa Ulaya!"

"Majani," akasema, na akageukia ukuta.

Wewe usimusikilize. Yeye hajui protokole, zile taratibu za wakubwa.

Bahizire


Goma, tarehe 5 Mei 2024

Shangazi Léonie,

Tunakusalimu. Mvua ni nyingi. Pasaka imepita, Pentekoste iko mulangoni, na kutoka kwako hakuna hata herufi. Nilijaribu ile namba yako ya zamani, akapokea mwanaume, akasema kizungu kirefu, akakata.

Koko anaenda kwa Sista Mapendo kila baada ya misa. Anajifanya anauliza dawa ya magoti. Sista naye anajifanya kueleza dawa. Wanaangaliana mikono, haina bahasha, wanaagana.

Nikuambie ukweli? Nafikiri ulisema ndiyo, na sasa unaona haya. Kama ni hivyo, andika tu! Nani atakuhukumu? Mimi ndiye nilikuambia useme. Lakini koko ameacha kutaja jina lako. Anasema "yule". "Yule alipenda ndizi hivi." "Yule angekuwa amefagia." Inaniudhi sana. Védaste naye ananiuliza kila asubuhi mbele ya wateja: "Mufalme hajambo?" Nimemufunga kravati yake ya kazi ikakaa kama kamba ya mbuzi, lakini haijanitosha.

Unaona mutu anavyonyamaza, wengine wanavyoteseka? Hii pia ni kiburi cha ikulu. Umewaiga.

Bahizire, aliyekasirika


Nyumba ya masista, tarehe 2 Juni 2024

Bahizire,

Salamu kwako, kwa kaka yangu, na kwa mama, mumuambie "yule" anamusalimu kwa magoti mawili. Hapa ni majira ya joto, jua linakataa kuzama. Utaona ninaandika kutoka kwa masista. Nitaeleza.

Sikunyamaza kwa kiburi. Nilikuwa nangoja hasira ipoe ili niandike barua ya mukristu. Nimengoja, nimengoja. Haikupoa. Basi pokea hii.

Nilisimama sebuleni. Wote walikuwapo, wamekaa, mimi peke yangu sina kiti. Bwana Funguo akauliza neno lake. Nilisema: "Hapana. Madame hakunituma. Kwetu anayetoa ndiye anayeonja." Niliona anakunja uso, nikafikiri, basi, angalau Madame amepona.

Wakamuita Madame. Madame niliyekuwa nimemulinda dakika ile ile, Bahizire, kiti changu hakijapoa, yaani sikuwa hata na kiti. Akasema: "Mwanamuke huyu nilimuchukua kwa huruma. Sikujua kwamba ana ushirikina wa kwao. Nilimukataza, hakusikia." Alikuwa anaangalia glavu zake. Hakunikataza hata siku moja! Alikuwa anasimama pale ukutani kila magharibi, anatabasamu, kwa sababu muzee akicheka na yeye anapata anachoomba.

Unajua nini kilitokea baadaye? Wale maadui wawili walipatana. Jioni ile ile. Asubuhi zibaki za Funguo, magharibi wagawane. Walihitaji tu kitu cha kukanyaga pamoja, na kitu hicho kilikuwa mimi. Waliniambia niache aproni, simu yangu ikabaki kwenye sanduku lao, nikatolewa kwa mulango wa kuingizia mboga.

Na bado sijafika pale panaponichoma. Mufalme hakuambiwa. Walimuambia nimekwenda likizo kwa sababu mama yangu ni mugonjwa sana. Wamemuuguza mama yangu! Bila kumuuliza! Walichukua heshima yake, wakaona haitoshi, wakachukua na afya yake.

Masista wamenipokea. Namenya viazi. Karatasi zangu za kukaa zinafika mwisho wa mwaka, halafu hatujui. Usiniulize kama nalia.

Léonie


Goma, tarehe 30 Juni 2024

Shangazi,

Tuko, tuko, salamu, leo salamu zitanikaba.

Madame! Huyo Madame! Nilifikiri nina matusi ya kutosha ya Birere, kumbe hazina yangu ni ndogo. Ulimukinga mvua, akachukua mwavuli wako akakupiga nao! Papa Honoré, hata yeye, ana aibu zake: akimufukuza mutu, anamufukuza barabarani, kila mutu anasikia, na jioni anamutumia mukate. Lakini hao wanafukuza kwa glavu, halafu wanasema mutu ameenda kusalimia mama. Ningekuwa pale, funguo lile lingepata tundu lake la kwanza.

Sasa usikie habari ya mugonjwa wao.

Nilimusomea koko yote. Nilipofika kwenye "mama yangu ni mugonjwa sana" aliniambia rudia. Nikarudia. Akaamuka. Kesho yake asubuhi alivaa kitenge cha Noeli, akachukua fimbo, akatoka Munigi akateremuka hadi Birere kwa miguu, juu ya mawe yale, shangazi, na magoti yale. Mapikipiki yakasimama kumubeba, akayafukuza. Aliingia butikini kwetu wakati bwana-harusi anajaribu koti. Papa Honoré akasimama. Yule hasimami kwa ajili ya mutu yeyote, lakini alisimama.

Koko akamuambia: "Baba, unaniona?"

"Nakuona, mama."

"Niko mugonjwa?"

"Hapana, mama, unanitisha kwa uzima."

"Basi siku watu wa mufalme wakiuliza, useme uliniona mimi, M'Cirimwami, nimesimama mbele yako."

Na akageuka kurudi. Védaste akamukimbilia na kiti. Akamuambia akae yeye. Tangu siku ile Védaste haniulizi hali ya mufalme.

Kitu kimoja kinanikera. Nilimuambia: "Unaona? Angesema ndiyo, saa hii angekuwa ndani." Koko akajibu: "Angesema ndiyo, Madame ndiye angekuwa anamenya viazi, na Léonie angekuwa amevaa glavu." Neno hilo nililibeba njia yote hadi kazini.

Kuja nyumbani. Au bakia. Lakini usiwasamehe bila wao kuomba, mimi sitakubali.

Bahizire


Nyumba ya masista, tarehe 18 Agosti 2024

Mwana wa kaka yangu,

Salamu nyingi. Muambie mama kwamba nilisoma safari yake ya Birere kwa masista kwa sauti, na Sista mukubwa, asiyecheka, aliomba nirudie. Hapa sote wazima. Nina mengi, nenda nayo pole.

Watu wa jikoni ya mufalme wameniambia: muzee aliacha kunywa. Kila magharibi alikuwa anauliza: "Amerudi kutoka kwa mama yake?" Wakasema wiki hii, wakasema mwezi huu. Akaanza kusukuma kikombe, anasema: "Onja kwanza." Madame akaonja na midomo imefungwa. Muzee aliona. Hajapoteza akili, yule, amezeeka tu. Basi akakataa majani, kisha akakataa na dawa za ndani ya majani, na madaktari wakaanza kukimbia kwenye ngazi.

Ndipo siku moja gari la nyumba ya mufalme likasimama kwa masista. Bwana Funguo mwenyewe, jikoni, kati ya viazi. Akasema kesho nirudi kazini, hakuna atakayeuliza, watu wote watasema nilikuwa kwa mama.

Nikamuuliza: "Na neno la sebuleni?"

Aliangalia huku na huku. Alikuwapo sista mumoja tu, kiziwi, anaosha sufuria. Akashusha sauti: "Haya. Tulikufukuza bure. Umeridhika?"

Bahizire, hapo nilisikia damu inapanda kutoka kwenye visigino. Nikamuambia: "Monsieur, mimi sikufukuzwa jikoni. Nilifukuzwa sebuleni, mbele ya watu wote, mumekaa, mimi nimesimama. Nenda ukaliseme neno pale ulipolisemea la kwanza. Na mama yangu ni muzima." Nikaendelea kumenya. Alisimama kidogo kama mutu aliyesahau mulango uko wapi, akaenda.

Baada yake akaja Madame na maua. Sikumufungulia. Maua tumeweka kwa Bikira.

Niliogopa, sikufichi. Usiku nilijiambia: mujinga wewe, karatasi zako zinakwisha, muzee hanywi, na wewe unagombania sebule. Lakini wiki ya pili barua ikaja, naitwa. Nikavaa kitenge, si aproni.

Walikuwapo wote. Safari hii na muzee alikuwapo, kwenye kiti chake, amekonda. Bwana Funguo akasimama, akasema, na kila mutu akasikia: hakutumwa na mutu, hakufanya ubaya, tulimufukuza, hakwenda likizo, mama yake hakuugua. Alikuwa anatoka jasho kama mutu anayebeba muzigo wa watu wengine. Madame hakuinua kichwa. Mufalme hakuwa anajua hata neno moja. Aliweka mukono juu ya macho.

Halafu akaniuliza kama nitarudi.

Nikasema: "Hapana, Baba." Wakashituka kwa sababu ya "Baba", lakini lilikuwa limekwisha kutoka. "Nilikuja kuchukua jina langu. Sikuja kuchukua kikombe."

Usifikiri nilimuacha na kiu. Binti yake mukubwa alikuwa amesimama pale. Nilimuuliza kama amewahi hata siku moja kumupa baba yake kitu cha kunywa. Akasema si kazi yake, iko na wenyewe. Nikamuambia: "Ni yako. Walikuibia wewe kabla ya kuniibia mimi." Akatuma kikombe kiletwe. Akaonja, midomo wazi, akajichoma kidogo, akamupa kwa mikono miwili kama nilivyomuonyesha. Muzee akanywa chote. Bwana Funguo na Madame walikuwa wanaangalia ile mikono miwili, na nafikiri ndipo waliona kwamba magharibi hazina mwenyewe tena kati yao.

Nitarudi nyumbani kabla ya Noeli. Masista watanilipia njia. Usiseme kitu kwanza, musomee mama.

Léonie


Goma, tarehe 15 Septemba 2024

Shangazi,

Hapana?! Ulimuambia mufalme HAPANA?

Samahani, nimesahau salamu. Wote wazima. Hapana?! Walikusafisha jina, wakatoka jasho, mufalme mwenyewe anakuomba, wewe unamurudishia kazi kama mutu anayerudisha sahani kwa jirani? Unajua mimi nilikuwa nimewaambia watu gani hapa Birere? Nilikuwa nimesema nikipata visa nitaenda kumufunga mufalme kravati, na kwamba nitamuanzia na fundo la Kibukavu! Sasa nimuambie nini Védaste? Nilitembea na hasira kutoka butikini hadi Munigi, nikiwa na barua mufukoni, nikipanga namna ya kumuambia koko kwamba binti yake amekuwa mwendawazimu.

Nilimusomea nje, kwenye lupango, uani kwetu, kuna mwanga. Nilisoma kwa sauti ya kugomba, kusudi asikie makosa yako vizuri. Nikasoma viazi. Nikasoma sebule. Nikasoma "mama yake hakuugua", akaitika, "Mm." Nikasoma "Hapana, Baba", nikasimama hapo, nikamuangalia, nikasema: "Koko, umesikia? Muambie kitu!"

Aliweka fimbo chini. Akapiga magoti, yale magoti, polepole, nikataka kumushika akanikataza. Akakunja viganja kidogo, namna ile ya kwetu Bushi ya kupigia mwami, mufalme wetu, makofi akipita, sauti ya chini, yenye tumbo. Mimi nimeisikia kwenye hadithi tu. Yeye hakuwahi kupigia mutu tangu ahame Bukavu, hata gavana alipokuja Munigi alikaa na mikono kwapani. Sasa anapiga, anaangalia kule barabara inakotokea uwanja wa ndege, na wewe hata haujapanda ndege.

Nilikuwa bado nimekasirika, ujue. Nilimuambia: "Koko, utaumia." Hakusikia. Basi nikafanya nini? Nikakunja barua, nikapiga magoti pembeni yake juu ya mawe, na nikapiga na mimi. Vibaya, bila mwendo. Akanigonga kiwiko: "Fungua vidole, unapiga kama mutu wa kravati."

Mama Katungu, jirani, akachungulia juu ya ukuta, akauliza: "Jamani, ni mwami gani anapita?"

Koko aliendelea kupiga.

Bahizire